Chora Mwendo wa Sauti, Usimchore Mwenye Sauti

Katika msitu wa Amani, kwenye milima ya Usambara, sikio hutangulia na jicho hufuata, na mara nyingi jicho halifiki kabisa. Ukipanda kwa miguu kutoka Sigi, majani yanakufunga kila upande. Unaona hatua chache mbele yako, lakini unasikia bonde zima: hondohondo anapita juu ya vilele vya miti bila kuonekana, kima wanagombana ng'ambo ya kijito, nyenze wamejaza hewa yote, na mahali fulani tunda la msambu limejiangukia. Yuko ndege mdogo mwenye mdomo mrefu ambaye watazamaji wa ndege huvuka bahari kuja kumtafuta hapa. Leo jina lake la kisayansi ni Artisornis moreaui, na sehemu ya pili ya jina hilo alipewa mwaka 1931, kwa heshima ya Reginald Moreau aliyekuwa akifanya kazi Amani. Hujificha ndani ya mimea itambaayo iliyosongamana, na anayemtaka humtafuta kwa masikio.

Ndiyo maana naiona Amani kuwa shule bora kwa kijana anayetaka kuhamisha sanaa ya sauti kwenye animesheni ya majaribio. Ninaposema sanaa ya sauti sina maana ya wimbo. Nina maana ya kazi iliyojengwa kwa sauti zenyewe, bila maneno, bila kiitikio, mara nyingi hata bila mdundo wa kushikilia. Na ninaposema animesheni ya majaribio sina maana ya katuni ya sungura na fisi, bali mistari, madoa, vivuli na rangi vinavyotembea kwa sheria zao wenyewe. Kuvikutanisha viwili hivi ni kazi ngumu, na kazi nyingi ninazoziona huanguka mahali pamoja. Kabla mstari wa kwanza haujachorwa, mchoraji ameshauliza, "Hii ni sauti ya nini?" Swali lenye faida ni jingine: sauti hii inafanya nini?

Swali la kwanza hukupeleka kwa mwenye sauti. Umesikia hondohondo, unachora hondohondo. Mtazamaji akishamtambua ndege anaacha kusikiliza, kwa kuwa jibu amelipata. Swali la pili linakuweka ndani ya sauti yenyewe. Bawa la hondohondo halina yale manyoya madogo ya chini yanayoziba mianya kati ya manyoya makubwa ya kurukia, kwa hiyo hewa hupenya kila anapopiga, na mlio unaotoka ni kama mvukuto wa mhunzi. Usikilize vizuri. Kila pigo linavimba na kunywea. Mapigo yanakaribia, yanakuwa mazito, kisha ndege anaacha kupiga na kuteleza, panakuwa kimya kwa muda mfupi, na pigo linalofuata linatokea tayari upande wa pili wa kichwa chako. Kuvimba, kunywea, kukaribia, kukatika, kuhama upande: hayo ndiyo malighafi yako. Unaweza kuyachora yote kwa doa moja jeusi, pasipo mdomo wala bawa, na mtu aliyewahi kusimama chini ya ndege huyo atashtuka kwenye kiti chake.

Kishawishi cha pili kinatoka kwenye kompyuta. Programu nyingi hukupa nguzo zinazoruka juu na chini kufuata ukubwa wa sauti, na Blender, ambayo ni ya bure, inaweza kuufanya ukubwa huo usogeze chochote unachotaka. Ni chombo kizuri kwa rasimu. Lakini ukubwa ni sifa moja tu ya sauti, na naamini ndiyo maskini kuliko zote. Nyenze na manyunyu ya mvua vinaweza kulingana kabisa kwenye kipimo cha ukubwa, na hakuna sikio litakalovichanganya. Nguzo zikivichora sawa, zimekosa kila kitu kilichokuwa muhimu.

Kabla ya kuchora, sikiliza waliotangulia. Bara letu halikuja nyuma katika jambo hili. Mwaka 1944, mjini Cairo, Halim El-Dabh alirekodi kwa mashine ya waya sherehe ya wanawake ya zar, ngoma ya kupunga pepo yenye ndugu zake huku pwani kwetu. Akaiingiza studioni, akapunguza sauti za msingi na kuacha mabaki na mwangwi. Hiyo ilikuwa miaka minne kabla ya Pierre Schaeffer kutoa mjini Paris kazi yake ya sauti za treni. Katika siku zetu wapo KMRU, Mkenya aliyekulia Nairobi, ambaye albamu yake "Peel" ya mwaka 2020 imetandazwa polepole kama ukungu usio na haraka ya kuondoka, na Nyokabi Kariũki, Mkenya pia, aliyekusanya sauti za mahali alipokulia katika "peace places: kenyan memories" ya mwaka 2022. Zisikilize kazi hizi kwa siku nyingi kabla ya kutazama filamu yoyote ya kidhahania. Jicho huiba upesi. Ukianza na filamu za Oskar Fischinger utatoka na miduara yake, nayo ilitungiwa muziki wenye vipimo, kama ule wa Bach alioutumia katika "Motion Painting No. 1" ya mwaka 1947. Msitu hauna vipimo hivyo, na miduara ya Fischinger ikiletwa Amani itabaki inatafuta mdundo usiokuwepo.

Halafu rekodi mwenyewe. Simu inatosha kuanzia, ila fahamu kwamba programu za kurekodi sauti kwenye simu nyingi zimetengenezwa kwa ajili ya mazungumzo. Zinawachukulia nyenze kuwa kelele na kuwafuta, zinakuza kilicho kidogo na kukandamiza kilicho kikubwa, mpaka tone la maji na radi vinalingana. Tafuta programu inayokuruhusu kuzima marekebisho hayo. Hifadhi kwa WAV, sampuli 48,000 kwa sekunde, na acha nafasi juu ili sauti ya ghafla isipasuke. Kisha iache rekoda na uondoke. Pumzi yako na mgusano wa koti la mvua ni sauti kubwa kuliko unavyodhani, na msitu hunyamaza mtu anapofika. Huchukua dakika kadhaa kabla haujarudi kwenye mazungumzo yake. Dakika hizo za mwanzo utazikata. Kwa hiyo usitaje mahali na saa unapoanza kurekodi, taja mwishoni.

Amani hupata takriban milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na unyevu ni adui wa maikrofoni. Vile vipakiti vidogo vya kukausha vinavyokuja ndani ya maboksi ya viatu, vikusanye na uviweke kwenye mfuko wa rekoda. Lakini usiikimbie mvua. Ikishakatika, miti huendelea kudondosha maji kwa muda mrefu, kila tone likipiga jani la unene tofauti, na sijui malighafi bora kuliko hiyo kwa mtu anayejifunza. Walio Lushoto wana msitu wa Magamba na maporomoko ya Soni, na njia ya kufanya kazi ni ile ile.

Baada ya kurekodi, njoo kwenye karatasi. Gundisha karatasi ziwe utepe mrefu na upime sentimita moja kwa kila sekunde. Dakika moja ya sauti itakuwa sentimita 60. Mara ya kwanza sikiliza umefumba macho na usiandike chochote. Mara ya pili andika juu ya utepe kwa tanakali za sauti peke yake. Usiandike "ndege" wala "maji". Andika pu, chubwi, chakacha, tiririri, jii. Mswahili ana faida kubwa hapa, kwa sababu amezoea tangu utotoni kuunganisha mlio na kinachoonekana: nguo ni nyeupe pepepe, usiku ni mweusi tititi, damu ni nyekundu ndu. Katika kila moja kuna kasi, uzito na umbile, na mkono unaweza kuvifuata mara moja. Mwanasaikolojia Wolfgang Köhler alieleza mwaka 1929 jinsi watu walivyohusisha neno la kubuni "takete" na umbo lenye ncha, na "baluba" na umbo la mviringo. Sisi tuna kamusi nzima ya namna hiyo midomoni mwetu. Itumie kama daftari la kazi.

Mara ya tatu, weka kalamu chini ya maneno yale na uchore mstari mmoja sauti inapopita, bila kutazama karatasi. Utatoka mbaya, na uzuri si lengo lake. Unachotaka ni kumbukumbu ya mwili wako ukisikia: wapi mkono ulikaza, wapi ulilegea, wapi ulisita kwa kuwa hukujua sauti inakwenda wapi. Mstari huo ndio mpango wa filamu. Nimewaona watu wakiutupa na kuanza upya kwa umaridadi kwenye kompyuta, na kila mara kilichopotea ni kule kusita.

Sasa ndipo ufungue spektogramu. Audacity inakuonyesha bila malipo. Muda unakwenda kulia, sauti nyembamba ziko juu, nzito ziko chini, na penye nguvu panang'aa zaidi. Rekodi ya wakati wa magharibi huko Amani hupendeza sana ikitazamwa hivi. Wadudu wamelala juu kwa tabaka, katikati ndege na vyura wanapishana, chini kabisa upo mto na upepo. Bernie Krause, Mmarekani aliyerekodi nyika za dunia kwa miongo mingi, anashikilia kwamba viumbe wa mahali pamoja hugawana nafasi ya sauti ili kila mmoja asikike. Ukiitazama picha hiyo utaelewa kwa nini alifikiri hivyo.

Lakini usiichore spektogramu. Hiyo ni ramani, na filamu ya ramani huchosha upesi. Nakushauri kitu kimoja ambacho wengine hawakubaliani nacho: usiweke sauti nyembamba juu na nzito chini kwenye skrini. Tumia kina. Sauti nyembamba ziwe karibu na uso wa picha, ndogo, zenye makali, na nzito ziwe nyuma, pana, zenye ukungu. Msituni sauti nzito haisikiki kuwa chini, husikika kuwa iko kila mahali. Bundi wa Usambara, aliyepewa jina la Julius Vosseler, mtaalamu wa wanyama katika taasisi ya Kijerumani iliyoanzishwa Amani mwaka 1902, ana mlio mzito wa kutetemeka ambao huwezi kuuelekezea kidole. Ukiuweka kwenye ukingo wa chini wa picha umeudanganya. Uwe giza linalobadilika kidogo nyuma ya kila kitu.

Hebu tuchukue sauti nne za hapa na tuone kila moja inadai nini.

Tunda la msambu ni rahisi kuelewa na gumu kuchora. Ni kubwa, lina uzito wa kilo kadhaa, nalo huanguka kutoka mti mrefu. Kuna mpasuko wa majani, kisha pu ardhini, basi. Wengi huchora pu. Chora kabla na baada. Mpasuko wa majani ni nusu sekunde au zaidi ya onyo, na baada ya pu kila kitu kilichokuwa kikilia jirani hunyamaza kidogo. Umbo lenyewe linaweza kuwa fremu moja tu ya weupe mtupu, mradi uzito wake uonekane kwa jinsi mistari mingine inavyoyumba baadaye.

Nyenze ni kinyume chake. Sauti yao haina mwanzo unaoukumbuka wala mabadiliko ya kushika, na sikio likishaizoea linaacha kuisikia. Mchoraji akijaza skrini kwa vidoti vinavyotetemeka dakika nzima, jicho nalo litaacha kuviona, na hilo ni sawa kabisa, ndivyo sauti hiyo inavyotenda. Kazi yako iko kwenye dakika wanapoacha. Msitu mzima unafunguka ghafla na unagundua kwamba mto ulikuwa pale muda wote. Jaza skrini kwa subira, zaidi ya unavyodhani inafaa, halafu ondoa vyote katika fremu moja na uache mstari mmoja wa maji ambao ulikuwa umeshauchora chini ya vidoti tangu mwanzo.

Maji ya kijito hayajirudii. Mchoraji hujirudia, kwa kuwa ana michoro michache na anaizungusha. Mzunguko wa michoro minane jicho huutambua upesi, na hapo mto umekufa. Kuna hila ya hesabu inayookoa kazi nyingi: tengeneza mizunguko mitatu ya urefu usiogawanyika, mmoja wa michoro 7, mwingine 11, mwingine 13, na uitandaze mmoja juu ya mwingine. 7 mara 11 mara 13 ni 1,001, yaani picha nzima haitajirudia mpaka umepita michoro 1,001. Kwa michoro 12 kwa sekunde, hizo ni zaidi ya sekunde 83, zilizotokana na karatasi 31 tu. Hila hiyo inafaa pia kwa sauti, ukitaka kurefusha rekodi fupi.

Perere hulia usiku. Mwili wake ni mdogo, na anayemsikia mara ya kwanza hukataa kuamini kwamba kelele ile imetoka kwake. Huanza kwa mikwaruzo yenye nafasi, kisha hupanda na kukazana. Hapa usifuate kila mkwaruzo. Ukiichora yote kwa usawa utapata ngazi. Fuata hofu ya msikilizaji anayengoja kinachofuata. Bana picha, punguza nafasi iliyo wazi taratibu, na uache mikwaruzo kadhaa ipite bila alama yoyote.

Kulandanisha picha na sauti kuna hesabu yake. Filamu ya fremu 24 kwa sekunde ina takriban milisekunde 42 kwa kila fremu, na ukishikilia kila mchoro kwa fremu mbili unachora 12 kwa sekunde. Nusu dakika ni michoro 360. Anza na nusu dakika. Viwango vya utangazaji vya kimataifa vinaeleza kwamba mtu huanza kugundua kutolandana sauti ikitangulia picha kwa kama milisekunde 45, lakini sauti ikichelewa huvumilia hadi kama 125. Hiyo ni fremu moja upande mmoja na fremu tatu upande mwingine. Kwa hiyo ukiwa na shaka, picha itangulie. Wachoraji wengi hufanya kinyume, wanaikimbiza sauti kwa nyuma, na filamu yao huonekana imechoka bila mtu kuweza kusema kwa nini.

Kwa nini tunavumilia sauti iliyochelewa? Naamini ni kwa sababu tumeishi nayo siku zote. Sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde. Ukisimama kwenye mashamba ya chai upande wa Kwamkoro au Monga na kumtazama mtu akilima kwenye mteremko wa ng'ambo, jembe linashuka kwanza na mlio unafika baadaye. Kwa fremu 24, kila mita 14 ni fremu moja ya kuchelewa. Mtu aliye mita 170 kutoka kwako anachelewa fremu 12, nusu sekunde kamili. Hii ni zawadi kwa animesheni ya kidhahania. Huna milima wala watu wa kuonyesha umbali, lakini ukilifanya doa moja lipige sambamba na sauti yake, na jingine litangulie sauti yake kwa fremu 12, mtazamaji atahisi bonde kati yao. Hatajua umefanya nini. Mwili wake utajua.

Ikiwa sauti yako ina mdundo, chagua kasi ya fremu inayogawanyika nao. Kipande cha singeli cha mapigo 240 kwa dakika kina mapigo manne kwa sekunde, fremu 6 kwa kila pigo ukitumia 24. Ukitumia 25 utapata 6.25, na robo hiyo itakusumbua mpaka mwisho wa kazi.

Kuhusu vifaa vya kuchorea, uvichague kwa jinsi sauti inavyokufa. Hilo karibu kila mtu hulisahau. Sauti yenye mwangwi mrefu inataka kitu kinachoacha alama. William Kentridge wa Afrika Kusini amekuwa tangu mwaka 1989 akichora kwa mkaa kwenye karatasi moja, akifuta na kuchora tena, akipiga picha kila hatua, na kivuli cha kilichofutwa hubaki kinaonekana. Hakuna njia rahisi zaidi ya kuchora mwangwi. Kipande kimoja cha mkaa wa jikoni, karatasi nene, kifutio na simu iliyofungwa imara juu ya meza vinatosha, na taa iwe ile ile usiku mzima, kwani mwanga wa dirisha hubadilika na picha zitawayawaya. Sauti kavu isiyo na mwangwi, kama tone kwenye jani, inataka mchanga juu ya kioo chenye taa chini yake. Ukiupangusa haubakizi chochote. Sauti yenye makali inataka kukwaruzwa. Len Lye alikwaruza utepe mweusi wa filamu kwa sindano na kutengeneza "Free Radicals" mwaka 1958, mistari myeupe ikipinda gizani kufuata ngoma za Wabagirmi wa Chad. Utepe huo haupatikani kwetu, lakini filamu za zamani za eksirei zinakwaruzika vizuri ukizishikiza kwenye dirisha.

Norman McLaren naye alikwenda mbali kuliko wote. Katika "Dots" ya mwaka 1940 alichora kwa mkono juu ya utepe picha na sauti yake pia, na katika "Synchromy" ya mwaka 1971 milia unayoiona ndiyo milia iliyotoa sauti unayoisikia. Itazame, ujue kwamba kulandana kikamilifu kunawezekana. Kisha uamue kama ndiko unakokutaka. Kwangu mimi, filamu inayolandana na sauti kila fremu humwacha mtazamaji bila kazi.

Utakutana pia na wanaoweka mchanga juu ya bati, wakalitetemesha kwa spika na kupiga picha maumbo yanayojitokeza, maumbo ya aina ile ambayo Ernst Chladni aliichapisha mwaka 1787. Jaribu mara moja kwa furaha yako. Maumbo yale ni mazuri, ila yanaeleza zaidi bati kuliko sauti, na sauti mbili zilizo mbali kihisia zinaweza kutoa ua lile lile.

Kompyuta sitaisemea mengi. Krita inachora na kupokea sauti, Blender inapanga tabaka, zote bure. Tengeneza nakala ya kila kitu kwenye diski ya pili kabla ya kulala.

Ukimya unahitaji ujasiri zaidi. Katika sanaa ya sauti ukimya ni sehemu ya kazi, na katika animesheni unaogopwa. Mchoraji akifika penye ukimya hutia kitu kidogo kinachoelea, ili skrini isiwe tupu. Kitoe. Skrini nyeusi yenye sauti, na picha inayotembea bila sauti, ni nyenzo mbili tofauti, na zote mbili ni zako. Walter Ruttmann, aliyeonyesha maumbo matupu yanayotembea mwaka 1921, alitengeneza mwaka 1930 "Weekend", kazi ya filamu yenye sauti peke yake, bila picha hata moja. Sikuombi ufike huko. Lakini katika filamu ya dakika tatu, nusu dakika ya weusi mahali palipochaguliwa vizuri itawafanya watu wasikie zaidi kuliko michoro 360.

Kuna wajibu usiokwepeka. Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani, iliyotangazwa mwaka 1997, iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania. Pita ofisini kwanza, eleza unachofanya, uliza kibali kinachohitajika na ulipe ada yake, na utembee na mwongozaji wa hapo. Masikio ya mwongozaji yatakufundisha zaidi kuliko makala haya. Usiwapigie ndege rekodi za milio yao ili wajibu. Ndege adimu anayelinda kiota huacha shughuli zake kumkabili mgeni asiyekuwepo. Na sauti za watu ni za watu. Wachuma chai wakiwa katika mazungumzo, mzee akiimba shambani, akina mama kwenye msiba, ngoma ya uganga: usirekodi kwa kuvizia, hata kama unakusudia kuzivuruga mpaka zisitambulike. Omba, eleza, na mkubaliane kuhusu malipo kabla ya kubonyeza kitufe. Mengine hayafai kurekodiwa hata ukiruhusiwa na mmoja wao, na mwenye adabu hulijua hilo bila kusubiri sheria ya hakimiliki imwambie.

Filamu ikikamilika, ijaribu kwa njia mbili. Ionyeshe bila sauti, kisha icheze sauti bila picha. Kila upande ukisimama peke yake bila kasoro, huenda haukuuhitaji mwingine. Unachotafuta ni filamu ambayo ikinyimwa sauti inaonekana kukosa pumzi, na sauti ambayo ikinyimwa picha inaanza kukuonyesha michoro ile kichwani. Waonyeshe pia watu wa Amani na Muheza kabla ya kuituma kwenye tamasha lolote, ZIFF ya Zanzibar au kwingineko. Usiwaulize kama wameipenda. Waulize wamesikia nini, na ukae kimya wanapojibu.

Mwisho, fikiria itatazamwa kwa kifaa gani. Watazamaji wako wengi watakuwa na simu, na spika ya simu karibu haitoi kabisa sauti zilizo chini ya hezi 200. Yule bundi hatakuwepo, na uzito wa mbawa za hondohondo utakuwa umebaki upepo tu. Andika mwanzoni mwa filamu, kwa herufi kubwa, kwamba ivaliwe hedifoni. Ukialikwa kuionyesha ukumbini, fika mapema uipige kwa spika za hapo, simama safu ya nyuma kabisa, na kama safu hiyo iko mita 28 kutoka kwenye spika, kumbuka kwamba umeshapoteza fremu mbili.